Saba ya Kwenye Tiketi

"Fundi hakwenda popote," Mama Mkaa aliniambia tukianika nguo. "Alijificha kwa dada yake. Mtu avuke bahari, aone mjukuu, arudi kabla gunia langu moja la mkaa halijaisha? Labda alipanda ungo!"

Fundi ni mama anayeshona nguo barazani, mlango wa tatu kutoka kwetu. Gauni langu la harusi alishona yeye. Kitu anachojivunia ni neno lake: akikwambia njoo Ijumaa, Ijumaa nguo iko tayari, imepigwa pasi. Sasa watu walikuwa wanapita barazani kwake wakichekea viganjani. Na kweli, alituambia anaondoka saa saba mchana, tukaja mapema kumsindikiza, tukakuta kufuli.

Nilimwendea na mwanangu mgongoni, Mama Mkaa nyuma yangu. Jua la mchana linawaka, Fundi anasinzia juu ya cherehani.

"Shikamoo, Fundi."

"Marahaba, mwanangu. Mnisamehe. Mimi nimefika, usingizi wangu bado unakuja kwa miguu."

Mama Mkaa hakungoja hata kukaribishwa. "Mwenzangu, siku ile saa saba ulikuwa wapi?"

Fundi aliangua kicheko mpaka miwani ikamdondoka. "Angani! Tiketi imeandikwa saba, nami nikasoma saba. Alfajiri mkwe wangu ananipigia simu kutoka huko: 'Mama, umeshafika uwanjani? Hiyo saba yao ni saa moja yetu ya asubuhi!' Nilitoka mbio, kiatu kimoja mkononi. Ningemuaga nani?"

"Kwa hiyo uliruka kweli?"

"Jana nimemwogesha mjukuu wangu. Jana, mama! Dada yangu alipoolewa ng'ambo ya mto tu, tulilia kama tunazika, tukamwona tena ana watoto wawili. Mimi nimekula wali huko juu, nimefumba jicho, naambiwa shuka."

Mama Mkaa alicheka hadi akakaa sakafuni. "Haya, nimekoma. Jioni napita nyumba zile zile, mlango kwa mlango, nifute niliyoyasema."

"Anza kwa mwenye duka," Fundi alimwambia. "Huyo ndiye redio."

Nilimshusha mwanangu, akatambaa moja kwa moja kwenye vitambaa. Fundi hakumfukuza. Alikuwa anamtazama shingo, pale kwenye vumbi la mchezo, na mikono yake imefunguka kidogo.

"Mwanangu," aliniuliza taratibu, "huyu leo umeshamwogesha? Kama bado, niachie mimi."