Mlio wa Chungu Kizima

Nimeigiza filamu mpaka mvi zimenijaa, na siku hizi natia milio ya vitu, kama hatua na milango, kwenye filamu za wenzangu. Leo studioni nimelowesha chungu cha Ikombe, kijiji cha wafinyanzi kando ya Ziwa Nyasa, harufu ya udongo ikanirudisha kwa bibi yangu mfinyanzi.

Kabla ya kupakia vyungu mtumbwini, bibi aligonga kimoja kimoja kwa kidole, akisikiliza kama kina ufa. Siku moja, nikiwa mtoto, kimoja nilikuwa nimekiangusha kikapata ufa. Alipokigonga, nikiwa nyuma yake, nikatoa kwa mdomo mlio wa chungu kizima. Akagonga tena, nami nikaitika tena.

"Hiki hatuuzi," akasema bila kugeuka. "Kinajua kuimba."

Nimekigonga hiki cha studioni, kizima kabisa, kisha nikakiitikia kwa mdomo.

"Mzee, hiyo sauti ya pili niifute?" fundi mitambo anayerekodi akauliza.

Nikamwomba aiache.