Msimamizi Wangu Alivaa Suruali

Kwetu, kijiji kilicho mwendo mfupi wa miguu kutoka Kalenga, bibi harusi wa miaka ile ya sabini hakuruhusiwa kucheka. Aliingia kanisani ameinamisha kichwa, akakaa ameinamisha kichwa, na kando yake alikaa msimamizi, mwanamke mwenye ndoa yake na heshima zake, ameshika leso nyeupe ya kumfutia uso. Alie asilie, leso ilipita. Katika ukoo wetu leso hiyo ilikuwa ya shangazi yangu. Alikuwa amewasimamia mabinti wote walionitangulia, na wiki ya harusi yangu nilimkuta ameshaitia wanga, anaipiga pasi ya mkaa, wala hajaniuliza kitu.

"Shangazi," nikamwambia, "nimeamua anisimamie kaka."

"Kaka gani?"

"Si ninaye mmoja tu?"

Akaweka pasi chini. "Hii mambo umetoa wapi, we mtoto? Ndiyo mlifundishwa huko chuoni? Mwanaume mzima akae upande wa wanawake, anakufuta poda, watu wanaangalia?"

Hapo ndipo penye shida yenyewe. Kanisani kwetu wanaume walikaa kulia na wanawake kushoto. Hata mume na mke waliachana mlangoni, wakakutana tena baada ya ibada. Viti vya bibi harusi na msimamizi wake viliwekwa mbele, kushoto, na hakuna mwanaume aliyewahi kukalia kimojawapo.

Mama alifariki nikiwa na miaka sita. Baba alikuwa ameshakwenda kukata mkonge, na hakuleta habari tena. Kaka alikuwa darasa la nne. Akaacha shule, akashika jembe ili mimi niende. Shangazi aliishi ng'ambo ya mto na watoto wake saba, kwa hiyo simlaumu kwa yale ambayo hakuweza. Lakini shuleni walitaka msichana awe amesukwa, na pale nyumbani tulikuwa wawili tu. Kila Jumamosi kaka alikaa kizingitini, akanibana kichwa kati ya magoti, akanisuka twende kilioni. Mistari ilipinda. Ilikuwa inauma sana, na mikono yake ilinuka udongo wa shamba. Wanaume waliokuwa wakipita kwenda kilabuni walimcheka hadi wakashika mbavu.

"Basi njoo umsuke wewe," alikuwa akiwajibu, huku akiendelea.

Kwa hiyo mtu asiniambie habari za kazi za wanawake. Aliyenisuka ndiye atakayenifuta uso. Nilimwambia shangazi maneno hayo hayo, akanijibu kwamba kama ni hivyo, leso yake haitoki sandukuni.

Mchungaji nilimfuata mwenyewe. Alifungua kitabu chake, akasoma kimya, akakuna kidevu. "Hapa wanataka shahidi mtu mzima aliyebatizwa. Hawakusema avae gauni," akasema. "Lakini mambo ya viti ni ya wazee wa kanisa, binti yangu. Huko mimi siingii."

Mchumba wangu, mwalimu mwenzangu kutoka Mbeya, yeye alicheka tu. Alisema kwao watu wangeshangaa hata zaidi, na kwamba alikuwa ananioa mimi, siyo viti.

Aliyenisumbua kuliko wote ni kaka mwenyewe.

"Mdogo wangu, niache bwana. Kuchinja nitachinja, maji nitabeba, wageni wa Mbeya nitawalaza. Ila kule mbele watakucheka wewe."

"Ulipokuwa unanisuka walikucheka. Uliacha?"

Akauliza kama naweza kumwazimia koti.

Siku ilipofika, kaka ndiye aliyenishika mkono kuniingiza kanisani. Koti lilimbana mabegani. Wageni wa Mbeya walikuwa wamejaa, bado wana vumbi la lori kwenye nyusi, na shangazi alikaa benchi la kwanza la wanawake, uso ameukunja. Tulipofika mbele, mzee wa kanisa akanyoosha kidole kuelekea kulia.

"Umeshamfikisha. Sasa kaa na wanaume wenzako."

Kaka akaniangalia. Kisha, kwa sababu maisha yake yote alikuwa mtu wa kutii wakubwa, akaniachia mkono, akaanza kwenda kulia.

Nikapandwa na hasira ambayo sijawahi kuijutia. Nikakusanya gauni kwa mikono miwili, nikamfuata. Kanisa zima likaguna. Nilipofika benchi la wanaume nikamsalimia kwa lugha yetu mzee aliyekaa mwanzoni, "Kamwene, baba. Naomba usogee kidogo." Naye, kwa mshangao, akasogea, nami nikakaa.

"Binti, unafanya nini?" mzee wa kanisa akanong'ona kwa ukali.

"Nakaa na msimamizi wangu. Akikaa huku, nakaa huku. Akikaa kule, nakaa kule. Chagueni ninyi."

Hawakuwa na la kuchagua. Bibi harusi katikati ya wanaume lilikuwa jambo baya kuliko mwanaume mmoja upande wa wanawake. Mzee wa kanisa akatikisa kichwa, akaelekeza kushoto, nasi tukavuka tena, mimi na kaka, naye akakalia kile kiti cha msimamizi.

Wimbo ulipoanza nilisikia anapumua vibaya. Nikageuka. Kaka, aliyezika mama yetu bila chozi nililoliona, alikuwa analia, machozi yanadondokea kwenye koti la kuazima, na hakuwa na kitu cha kujifutia. Nikainua shela langu nimfute nalo.

Nyuma yangu mtu akanigusa bega. Alikuwa shangazi. Hakuniangalia; aliangalia msalaba ukutani. Mkononi alikuwa na ile leso, kavu kwa wanga, imekunjwa pembe nne.

"Mpe msimamizi wako," akasema.

Sikumpa. Nilimfuta mwenyewe, shavu moja, kisha la pili, taratibu, kanisa zima likinitazama. Kisha nikainua kichwa, nikacheka, meno yote nje.