Fundi Mwanvita na memori ambayo haikuibwa

Haya yote ni kweli tupu. Naapa kwa Mungu na kwa kaburi la marehemu mke wangu, na likipatikana neno moja la uongo humu, basi nilipe mbele za watu. Mimi ni mstaafu. Kwa umri huu uongo hauniongezei hata jino.

Saa moja na robo asubuhi, Mwembesongo, mjini Morogoro. Milima ya Uluguru bado imejifunika ukungu hadi shingoni. Mwanvita Mwinshehe, mwanamke wa miaka arobaini na mmoja, amekwishafungua kibanda chake, amefagia, amefuta meza. Juu ya meza kuna kompyuta moja tu, ubavu wake umefunguliwa. Ameiinamia kama mkunga, sikio likikaribia kugusa feni.

"Sikia," anasema. "Inavuma, inashusha pumzi, inavuma tena. Hiyo inahema. Gemu lazima ligande. Hakuna uchawi hapo."

Hiyo ndiyo kazi yake: kutibu kompyuta zinazoshindwa magemu. Mtu anacheza mpira, yuko peke yake na golikipa, picha inaganda. Ikirudi, mpira uko kwa adui. Au gemu zima linajifunga lenyewe katikati ya mchezo na kumtupa nje bila hata samahani.

"Wanakuja hapa na hasira zao," anasema. "Mtu kafungwa goli, anataka mimi nimrudishie goli lake."

Ana daftari la shule ambamo huandika majibu ya maswali matatu anayomuuliza kila mteja. Linaganda baada ya dakika ngapi? Kompyuta inakaa wapi? Nani mwingine anaitumia? Akishajibiwa hupuliza vumbi kwa pampu ya baiskeli, hubadilisha ile dawa nyeupe inayopitisha joto, hupima memori, huhuisha programu ya kadi ya picha, kisha hulicheza gemu mwenyewe saa nzima.

Vumbi analotoa humo ndani kwa wiki moja lingetosha tuta la mchicha. Mwaka juzi alifungua kompyuta ya mkulima mmoja wa Kisaki, akamkuta kuku ameatamia mayai sita, na mawili yamekwisha kuanguliwa. Naapa tena.

Mwanvita alizaliwa Matombo, huko milimani, baba yake akilima karafuu na mdalasini. Alimaliza kidato cha nne, akashuka mjini, akapata kazi ya kuchapa barua kwenye duka la steshenari. Alichapa barua za watu kwa miaka saba. Kompyuta ya duka ilipokufa, tajiri akataka kuitupa. Mwanvita akaiomba.

"Niliilaza kitandani, nikaifungua kwa kisu cha mezani," anasema. "Mimi nililala chini wiki mbili. Siku iliyowaka nililia."

Huu ni mwaka wa kumi na moja sasa. Mteja wake mkubwa alikuwa Abuu, mwenye ukumbi wa magemu wenye kompyuta nane, ambaye alimlipa shilingi laki mbili kila mwezi azitunze. Pamoja na wateja wa kupita, alikuwa akifikisha laki tano. Wiki iliyopita aliingiza elfu kumi na nne. Binti yake Nasra, aliye kidato cha tatu, ameacha twisheni.

"Sijaugua, sijalewa, sijaharibu kazi ya mtu," anasema Mwanvita, akikaza skrubu ambayo tayari imekaza. "Nimeitwa mwizi tu. Basi."

Yote yalianza na mzee mmoja.

Mzee huyo ni dereva wa treni mstaafu, mtu mrefu, mtanashati, anayeheshimika mtaa mzima. Mtoto wake aliyeko Dar es Salaam alimletea kompyuta mpya ili asikae bure, na ndani yake gemu la kuendesha treni. Mzee alilipenda gemu lile kuliko chakula. Lakini kila akikaribia daraja kubwa, baada ya kama dakika ishirini, picha ilianza kukwamakwama, mlio wa injini ukawa kama mtu mwenye kigugumizi, halafu gemu likajifunga. Abiria wote wakabaki hewani.

Akaibeba hadi kwa Mwanvita.

"Shikamoo mzee. Inaganda baada ya muda gani?"

"Marahaba mwanangu. Dakika ishirini. Nikifika darajani."

"Na inakaa wapi?"

"Sebuleni! Mahali pasafi, naitunza kuliko nilivyowatunza wanangu. Vumbi hailijui."

Mwanvita akaandika kwenye daftari: sebuleni, pasafi. Akaisafisha, akapima memori, akalicheza gemu saa mbili. Treni ilivuka daraja mara tisa bila hata kutikisika. Mzee akalipa elfu ishirini, akarudi nayo nyumbani. Dakika ishirini, darajani, ikaganda.

Akairudisha. Kibandani ikawa nzima kama chuma. Nyumbani ikaganda. Akairudisha mara ya tatu. Kibandani nzima, nyumbani inaganda.

Mzee akakaa, akafikiri, akapata jibu. Jioni ile akalipeleka kwenye benchi la kahawa la Mikidadi, mbele ya ukumbi wa Abuu.

"Yule mama mjanja," alisema. "Kwake anaweka memori nzima ili nione inafanya kazi. Nikiondoka, anakuwa ameshachomoa, ameniwekea mbovu."

Watu wakaguna. Kesho yake mzee aliona habari imepoa, akaongeza memori ya pili. Keshokutwa akaongeza feni. Kufikia Ijumaa, Mwanvita alikuwa ameshajenga nyumba Kihonda kwa memori za watu.

Abuu anakiri kwamba alisikia yote.

"Mimi sina ugomvi na dada Mwanvita," anasema. "Ila nina kompyuta nane, mzee wangu. Siwezi kukaa nazifungua kila jioni kuhesabu kilichobaki ndani. Nikamwambia tu, dada, tupumzike kwanza."

"Tupumzike," anarudia Mwanvita. "Yeye anapumzika na kompyuta zake nane zikifanya kazi. Mimi napumzika na njaa."

 Wengine walipita tu barabarani wamezikumbatia kompyuta zao kifuani kama watoto wagonjwa, wakielekea kwa fundi mwingine. Mmoja alimwomba afanye kazi huku yeye akimshika mkono.

Siku ya kumi na mbili tangu maneno hayo yaanze, Mwanvita alifunga kibanda, akaenda nyumbani kwa mzee bila kualikwa.

"Hodi."

"Karibu... ah. Ni wewe."

"Shikamoo. Sikuja kugombana. Washa gemu, ucheze mbele yangu. Sitaigusa."

Alipoingia sebuleni alisimama mlangoni. Kompyuta aliiona kwa kukisia. Boksi lote, juu, mbele, nyuma, ubavu kwa ubavu hadi sakafuni, lilikuwa limefunikwa kitambaa cheupe cha kufuma, chenye maua ya waridi na pindo la njano, kama vile vinavyofunika redio na makochi katika nyumba zetu zote. Juu yake kulikuwa na chombo cha maua ya plastiki. Mzee akawasha bila kukifunua, akaupenyeza mkono kwa chini, akakibonyeza kitufe kwa mazoea.

Mwanvita akakaa, akitazama saa. Dakika ya kumi na nane, treni ikaanza kukwamakwama. Dakika ya ishirini, darajani, gemu likajifunga.

"Umeona?" akasema mzee.

Mwanvita akakifunua kitambaa. Chini yake boksi lilikuwa bado limevaa nailoni ya dukani, imebandikwa vizuri kwenye matundu yote ya kutolea hewa. Aliweka kiganja juu, akakiondoa upesi.

"Ukiileta kwangu, hii nguo na nailoni vinabaki wapi?"

"Navikunja naviweka kabatini. Nitabebaje kitambaa cha nyumbani barabarani?"

"Na ukirudi?"

"Navirudisha. Si vumbi?"

Mwanvita akaichana nailoni kipande kwa kipande, akaweka kitambaa kwenye kochi. Wakasubiri boksi lipoe. Mzee akacheza tena. Treni ikavuka daraja, ikapita mahandaki, ikafika mwisho wa reli. Mzee aliinuka, akakubali kosa lake kiungwana, akamwomba radhi mbele ya majirani, na milima ya Uluguru yenyewe iliinama kusikiliza.

"Mimi nilijilaumu pia," anasema Mwanvita. "Niliuliza inakaa wapi, nikaambiwa pasafi, nikaandika pasafi. Siku ya kwanza tu ningeuliza inavaa nini."

Makala iliishia hapo. Kabla ya kuipeleka gazetini niliona ni uungwana nimsomee mwenyewe, pale kibandani. Alisikiliza hadi neno la mwisho, bisibisi mkononi.

"Umemaliza?"

"Nimemaliza. Vipi, nzuri?"

"Kuku yupi?"

"Kuku gani?"

"Wa Kisaki. Alikuwa mjusi, mzee. Mjusi mmoja, na amekufa."

Nikasema hilo ni dogo, nitalifuta.

"Usifute. Acha kila kitu ulivyokiandika, halafu chini yake weka ukweli, waone vyote viwili. Na huyo mzee mtanashati, dereva wa treni. Ni nani?"

Nikakohoa.

"Mzee Mkude," akasema, taratibu kabisa, "andika jina lako."

Haya. Mzee yule ni mimi, Mikaeli Mkude. Sijawahi kuendesha treni. Nilikuwa mtunza stoo wa reli kule Kisaki kwa miaka ishirini na sita, nikigawa misumari na mafuta ya taa, na si mrefu. Siku ile sikumwomba radhi mbele ya majirani. Nilifunga mlango, nikamkaribisha chai, nikamsihi asimwambie mtu, na ufundi wa siku ile sikumlipa. Nikadhani nikimwandikia makala nzuri gazetini, jina lake litarudi na langu halitaguswa. Kile kiapo cha juu nilikiandika nikiwa na akili zangu.

Nikatoa pochi.

"Hela ya ufundi weka mezani, hiyo ni haki yangu," akasema. "Lakini hujalipa. Ulinisema wapi?"

"Kwa Mikidadi."

"Basi utaisoma kwa Mikidadi. Yote. Na kile kitambaa ukilete hapa."

Hapo nikashtuka. Nikamwambia kitambaa kile alikifuma marehemu mke wangu, Eufrazia, miezi minne, mwaka wake wa mwisho, vidole vimevimba. Kilikuwa cha redio. Redio ilipokufa nikakitafutia kitu kingine cha kufunika, maana kikiwa kabatini sikioni, na mimi nilitaka nikione.

Mwanvita aliweka bisibisi mezani.

"Pole," akasema. "Na mimi jina langu nimelifuma miaka kumi na moja. Kilete."

Nilikipeleka Jumatatu, nimekifua na kukipiga pasi. Amekitundika ukutani, juu ya meza, kwa misumari minne. Mteja akiuliza ni cha nini, anamweleza, na jina langu analitaja vizuri, la kwanza na la pili. Anaahidi kukirudisha siku wateja wake watakaporudi wote.

Jumanne jioni niliisoma makala hii kwenye benchi la kahawa. Nilipofika kwenye memori, wakacheka. Nilipofika kwenye jina langu, wakacheka hadi Mikidadi akamwaga kahawa.

"Mzee Mkude leo umetunga nzuri," akasema. "Eti umejifanya mwongo wewe mwenyewe!"

Nikaapa. Wakazidi kucheka. Nilipowaambia mwanamke ameiba memori, hakuna aliyetaka hata kiapo. Memori ya kwanza, ya pili, na feni, walizimeza zote na kahawa.

Jumatano nikasoma tena. Waliocheka walikuwa wachache. Alhamisi Abuu alisimama mlangoni mwa ukumbi wake, akasikiliza hadi mwisho. Asubuhi yake alikwenda kibandani, akakitazama kitambaa, akashika pindo lake la njano kwa vidole viwili kama anayepima kanga dukani. Akatoka. Mchana akarudi amebeba kompyuta moja, akaiweka mezani.

"Hii inaganda, dada."

Hakuomba radhi, na Mwanvita hakungoja aombwe. Alifungua daftari.

"Baada ya dakika ngapi?"

Nilikuwepo, nimekaa kwenye kigoda chake, mikono magotini. Mwanvita ana mpango wa kukata ubavu wa kibanda na kuweka kioo, ili mteja asimame nje aone kila skrubu inayofunguliwa na kila kitu kinachorudi ndani. Kioo hicho ni elfu themanini na tano. Akishapata, na Nasra akirudi twisheni, anasema ataweza kulala.

Abuu alipoondoka, nilimwambia Mwanvita kwamba sasa mambo yamekaa sawa, nafikiri nimeshalipa.

Hakuinua uso. Alikuwa ameweka sikio kwenye feni.

"Abuu ana kompyuta nane," alisema. "Imekuja moja. Benchi linafunguliwa saa kumi na moja, mzee. Kasome."