Mvua ya Dirishani

Mpangaji wetu hapa Rågsved, kitongoji cha Stockholm, ni binti wa Australia anayeimba kantri, zile nyimbo za wachunga ng'ombe. Hukaza nyuzi za gitaa akiwa amefumba macho. Mama humsalimu kama tunavyosalimiana sisi Warundi, akimtakia makundi ya ng'ombe. Naye hutabasamu akitazama simu. Ukame umemaliza ng'ombe wa kwao. Mvua ikinyesha Stockholm, hupiga simu nyumbani na kuitoa dirishani ili baba yake asikie.

Jana gari la studio lilimsubiri chini, limpeleke kurekodi albamu yake ya kwanza. Simu yake ikalia. Baba yake naye alikuwa ameitoa simu dirishani. Tulisikia mvua ikipiga mabati ya kwao.

"Dada, gari linakungoja," nikamwambia.

"Ngoja kwanza inyeshe."

Aliketi sakafuni na koti lake, simu sikioni, mpaka gari likaondoka.