Paka Wetu Anaugua Figo, na Baba Anasubiri Kusikia Nitaamua Nini

Admin, jina langu lifiche kabisa, maana nusu ya kijiji chetu iko humu ndani. Mimi ni dada wa miaka thelathini na minne. Nilirudi nyumbani, upande wa Ogembo, kumtunza baba. Figo zake zilikufa, na huwa nampeleka Kisii kusafishwa damu. Tunaishi sisi wawili na paka mzee wa marehemu mama. Tunamwita Chifu, kwa sababu hulala mlangoni na hakuna mgeni anayepita bila kukaguliwa.

Chifu alianza kunywa maji kupita kiasi. Baba, ambaye hospitali wamempimia maji kidogo tu, alifurahi sana. "Afadhali mmoja wetu ana ruhusa," akasema, tukacheka. Wajinga sisi! Kumbe ugonjwa ulikuwa umeanza. Chifu akakonda akabaki mifupa, akawa anatapika, hata kichwa cha samaki anakisusia. Siku moja nikambeba, akanipumulia usoni. Harufu ile naijua. Baba alikuwa nayo mdomoni kabla hajaanza kusafishwa damu.

Daktari wa mifugo alipokuja kwa ng'ombe wa jirani, nikamwita. "Paka, dada?" akacheka. Alipomshika, kicheko kikaisha. Akatoa damu, akaenda kuipima mjini. Jana alirudi na majibu.

"Ni figo, na sasa hata mkojo umeisha. Hatapona huyu. Heri nimdunge sindano alale moja kwa moja, asiteseke."

Aliyasema hayo mbele ya baba, jamani. Baba akauliza polepole, "Kwa hivyo figo zikiisha, mgonjwa anapumzishwa?"

Nikamwambia, "Baba, huyo ni paka!"

"Ni mgonjwa mwenzangu. Vile utaamua kwake, mama, uamue hivyo hivyo kwangu. Nimechoka na ile mashine."

Nikikubali sindano, baba hataenda tena hospitali, namjua alivyo mgumu. Nikikataa, Chifu anateseka miguuni pake, anatapika povu, na baba anamtazama tu na kujiona yeye. Nilimwomba mzee wa kanisa aje azungumze na baba, akaniuliza kama siku hizi tunaombea paka. Nimelia mpaka nimechoka.

Daktari anarudi kesho asubuhi. Kesho pia ndiyo siku ya baba ya kusafishwa damu, na amesema hatavaa viatu mpaka anisikie. Nyinyi mlio na akili iliyotulia, nishaurini: nimjibu daktari nini, na baba amekaa pale anasikia?