Bibi Alinigusa Bega, Nikawa Mwizi

Niliwahi kutambuliwa kuwa mwizi mbele ya polisi, na kituoni nilijipeleka kwa miguu yangu mwenyewe.

Msicheke kwanza.

Ilikuwa Croydon, mwaka 1979. Mimi ni Desmond Pugh, mwigizaji wa vijisehemu. Sura yangu mnaijua kwenye televisheni, jina hamlijui. Leo nakaba mtu, kesho navunja duka, na filamu haijafika nusu nishatiwa pingu.

Asubuhi hiyo nilikuwa mgahawani na chai yangu, akaingia Sajenti Hoskins. Anasaka wanaume warefu, wembamba, wenye pua ndefu kama mimi.

"Kaka, tusaidie. Kuna bibi kaporwa pete ya ndoa, na mkono kavunjwa. Tuna mtuhumiwa. Tunataka tumpange na wanaofanana naye, bibi amchague. Nusu saa tu."

Nikaenda. Kazi sina, ningefanya nini?

Tukapangwa ukutani. Mtuhumiwa akaletwa. Sheria inamruhusu achague mwenyewe pa kusimama. Akatukagua mmoja mmoja, akafika kwangu, akatabasamu. Akaja kusimama kushoto kwangu.

"Marufuku kusema. Marufuku kusogea," sajenti akaonya.

Bibi akaingia, mkono mmoja kwenye plasta. Akampita wa kwanza. Wa pili. Wa tatu.

Kwangu akasimama.

Midomo ikaanza kumcheza. Akaniwekea begani ule mkono wake mzima.

"Ni huyu. Sura hii nitaisahau vipi?"

Mungu wangu! Nataka kupiga kelele, bibi wee, umeniona kwenye televisheni Jumapili! Lakini kusema marufuku. Nimebanwa pale kama msumari kwenye ubao.

Bibi akatolewa nje. Hata hakumtazama yule wa kushoto kwangu.

"Afande, ndo mmenifunga?"

"Wewe? Nenda kwako, tunajua si wewe. Shida ni huyu. Shahidi tulikuwa naye mmoja tu, na keshachagua. Inabidi tumwachie."

"Basi nikaongee na bibi! Nimwambie mimi ni mwigizaji!"

"Umsogelee shahidi? Thubutu. Hapo ndo nitakufunga kweli."

Nje nikamkuta yule mtuhumiwa anawasha sigara.

"Mzee! Jumapili kwenye televisheni ulimkaba yule mjane, mke wangu kalia hadi basi. Nilipokuona pale ukutani tu, nikajua leo nalala kwangu."

Akanipa mkono. Na mimi, kwa mazoea, nikaupokea.

Lakini hilo silo linalonitafuna mpaka leo, uzee huu.

Mkono wa yule bibi ulipotua begani, kabla hofu haijanishika, nilifurahi. Ndiyo, nilifurahi. Nilijiambia, kumbe naigiza vizuri.

Kwa hiyo, ndugu zangu, mkisifiwa msikimbilie kuchekelea. Ulizeni kwanza sifa hiyo inamuumiza nani. Yangu ilimuumiza bibi wa watu, na pete yake sijasikia mpaka leo kama ilipatikana.