Mtoto Hakuanguka

Mtoto wa mume wangu alilala mzima, akaamka hawezi kukanyaga. Kabla jua halijazama, mimi nilikuwa tayari mshtakiwa.

Ndiyo, mimi. Mama wa kambo. Si mnajua sisi tunavyosemwa.

Huyo mtoto tunamwita Kifaranga, maana hakuna niendako asinifuate. Hata chooni ananisubiri mlangoni. Ana miaka mitano. Mama yake mzazi alifariki mtoto angali mchanga, na mimi niliolewa akiwa hajui hata kufunga vifungo. Mimi ni fundi cherehani, nashonea sebuleni, na kila gauni alilovaa limepita mikononi mwangu.

Asubuhi hiyo aliniita huku analia. "Mama, mguu unakataa."

Nikimgusa paja, yowe. Hana jeraha, hana alama, hana homa. Mguu tu umegoma.

Mume wangu akaita teksi, kisha akampigia simu mama yake. Nikajisemea, haya, tumekwisha.

Hospitali ilikuwa imefurika, watu wengine wamekaa sakafuni. Mume wangu alitangulia kwenye dirisha la mapokezi kuandikisha, mimi nikabaki mlangoni na mtoto mikononi. Nilijua tutashinda pale. Ajabu, hata sijapata pa kukaa, tukaitwa! Nikasema moyoni, leo Mungu yuko zamu.

Daktari alikuwa mama mmoja mpole. Akamlaza Kifaranga, akamzungusha mguu taratibu. Damu ikapimwa, nyonga ikapigwa picha.

"Alikuwa na mafua karibuni?"

"Wiki iliyopita. Makamasi hayakatiki."

"Basi msiogope. Kiungo cha nyonga kimevimba na kujaa maji kidogo. Kwa watoto hutokea baada ya mafua, na huisha chenyewe. Nilichokuwa nakiogopa ni vijidudu kuingia kwenye kiungo, lakini damu iko safi. Apumzike, anywe dawa ya maumivu. Homa ikipanda, mrudisheni siku hiyo hiyo."

Nililia palepale. Jamani, nilishamwona mtoto wangu kilema.

Nyumbani tukamkuta mama mkwe na wifi. Wifi yangu ni mtu wa kusoma kila kitu, hata maandishi ya pakiti ya sabuni hayamponyoki. Akaichukua karatasi ya hospitali, akaisoma kwa sauti.

"Uvimbe wa muda wa kiungo cha nyonga."

Akashuka mstari wa pili.

"Kuanguka, nyumbani."

Mama mkwe akasogea mbele kwenye kiti.

"Kaanguka?" mama mkwe akauliza. "Na nyumbani kuna nani zaidi yako?"

"Mama, hajaanguka."

"Kwa hiyo hospitali ndiyo waongo? Au kasukumwa?"

Kifaranga akainua kichwa kwenye kochi. "Bibi, mimi sijaanguka."

"Ameshafundishwa la kusema," wifi akadakia.

Nikamtazama mume wangu. Yeye ndiye alikuwa na mimi tangu asubuhi, aseme basi neno moja tu. Akasema, "Mwacheni mtoto alale," akaenda kuoga.

Kesho yake simu ikaita. Afisa wa ustawi wa jamii. Amepata taarifa ya mtoto aliyeumia nyumbani, atakuja kututembelea. Mama mkwe aliposikia, akatoa hukumu: "Jumamosi namchukua mjukuu wangu. Mfungashie nguo zake."

Wiki hiyo nilishona mikono ya shati la mteja nyuma mbele. Kula sikuli. Kila nikimwambia mume wangu twende tukaulize, jibu ni moja tu: "Achana nayo, itapita."

Ipite wapi? Wananinyang'anya mtoto!

Ijumaa nikamwendea mama mkwe. "Mama, twende hospitali sote. Nikionekana nina kosa, mchukue Kifaranga, na mimi nitafungasha vyangu."

Mume wangu akaruka. "Mnajisumbua bure, pale kuna foleni!"

"Na wewe ndiye utakayetupeleka," mama yake akamwambia.

Tukaelekezwa chumba cha kumbukumbu. Nikamkuta kaka mmoja nyuma ya kompyuta, chai yake imepoa pembeni. Kumbe hospitalini kuna mtu ambaye kazi yake ni kugeuza kila ugonjwa kuwa msimbo, herufi na namba, ili mashine ziuelewe. Nikamvaa hata salamu sijatoa.

"Wewe ndiye uliyeandika kuwa nimemwangusha mtoto!"

"Dada, mimi simjui mtoto wala wewe," akasema bila kukasirika. "Nageuza kilichoandikwa, sibuni. Ugonjwa una msimbo wake, chanzo nacho kina chake. Mapokezi wameandika ameanguka nyumbani, basi naweka msimbo wa kuanguka. Mtoto akiwa mdogo hivyo, taarifa inakwenda ustawi wa jamii yenyewe."

"Futa!"

"Siruhusiwi. Daktari ndiye anayesahihisha."

Akaitwa yule daktari mpole. Akasoma, akakunja uso. "Mimi sikuona dalili yoyote ya kuanguka. Lakini siwezi kufuta maelezo ya mtu kwa kubahatisha. Aliyasema nani? Yeye ndiye ayakanushe."

Mama mkwe akanigeukia. "Haya, sema."

"Mama, mimi sikuongea na mtu wa mapokezi. Nilikuwa mlangoni na mtoto."

Maneno hayo yaliponitoka, ndipo na mimi nikayasikia. Nikageuka.

Mume wangu alikuwa anasoma tangazo la kunawa mikono utadhani kesho ana mtihani. Jasho linamtiririka.

"Baba Kifaranga?"

"Ni mimi," akasema chini chini. "Aliyekuwa mbele yangu alisema mwanawe kaanguka, akaingizwa moja kwa moja. Nikaona nikisema mguu unauma tu, tutakaa mpaka jioni. Nikasema kaanguka."

Mama yake akamsogelea. "Na siku zote hizi nilizokuwa namsimanga mwenzio, ulikuwa unajua?"

Akarudisha macho kwenye tangazo lake.

Daktari akasahihisha. Yule kaka akabonyeza mara moja, msimbo wa pili ukatoweka. Akaahidi kuwapigia ustawi wa jamii. Mara moja tu, na mimi nimekonda wiki nzima!

Kwenye korido mama mkwe akanishika mkono. "Mwanangu, ulimi wangu umekukosea. Nisamehe." Tukalia wote wawili mbele za watu, wala sikuona aibu.

Kifaranga sasa anakimbia, na ameshavunja vikombe viwili. Nina furaha, siwafichi.

Lakini baba yake alinifuata kwenye cherehani. "Mke wangu, nilidanganya kwa ajili ya mtoto."

"Najua," nikamwambia. "Hilo nilishakusamehe, hata mimi ningeweza kulisema. Ila kunyamaza, ulinyamaza kwa ajili ya nani?"

Mpaka leo hajanijibu. Tunakula meza moja, tunalala kitanda kimoja, na swali langu liko palepale.

Mnaosoma hapa, mkiwa wake au waume, nisikilizeni. Ukijua mwenzio anasingiziwa na ukweli uko mdomoni mwako, useme siku hiyo hiyo hata kama sauti inatetemeka. Maneno ya mama mkwe na wifi niliyategemea. Kimya cha mume wangu ndicho kinachoniuma.